Kumuaga Baba Angali Hai: Uchambuzi wa Kisa cha Kirsten Johnson

Mwezi Januari 2020, katika tamasha la filamu la Sundance, jimbo la Utah nchini Marekani, ilionyeshwa kwa mara ya kwanza filamu ya hali halisi ambamo mzee aliyekwisha kuvuka miaka 80 anakufa, anafufuka, kisha anakufa tena. Mara kiyoyozi kinadondoka kutoka juu ya jengo na kumwangukia kichwani akiwa anatembea kando ya barabara ya New York. Mara anaporomoka kwenye ngazi. Mara fundi aliyebeba ubao wenye msumari anageuka ghafla na kumchoma shingoni. Mzee huyo ni Dick Johnson, daktari wa magonjwa ya akili kutoka Seattle, na anayepanga vifo hivyo vyote ni binti yake wa kumzaa, Kirsten Johnson, ambaye kwa miaka mingi amekuwa miongoni mwa wapiga picha wanaoheshimika zaidi katika filamu za hali halisi. Majaji wa tamasha waliipa filamu hiyo, *Dick Johnson Is Dead*, tuzo maalumu ya ubunifu wa usimulizi, Netflix wakaitoa kwa umma Oktoba ya mwaka huohuo, na mwaka 2021 Johnson akapata tuzo ya Emmy, ile ya vipindi vya televisheni vya Marekani, ya uongozaji wa filamu za aina hiyo.

Msomaji wa huku kwetu huenda akaguna kabla hajafika mbali na kusema kwamba binti huyu anamchuria baba yake. Guno hilo lisipuuzwe, maana Johnson mwenyewe alilijua, na mchezo mzima wa vifo vya bandia umejengwa juu ya woga uleule wa kulitaja jambo lisije likasikia jina lake. Hata hivyo, nionavyo mimi, uzito wa kisa hiki hauko kwenye uchuro wala kwenye vichekesho vyake. Uko kwenye ridhaa: baba alikuwa ameanza kusahau, na mtu anayesahau anaweza kukubali jambo leo asubuhi na jioni asijue kwamba amewahi kuulizwa.

Ili kuelewa kwa nini swali hilo lilimwelemea Johnson kuliko lingemwelemea mwongozaji mwingine, inafaa kuangalia ametoka wapi. Alisomea upigaji picha katika shule ya filamu ya La Fémis mjini Paris, kisha akatumia takriban robo karne akishika kamera kwa ajili ya filamu za watu wengine, ikiwemo ile ya mwaka 2014 kuhusu Edward Snowden, aliyefichua siri za ujasusi wa Marekani, na ile ya mwaka 2008 kuhusu wanawake wa Liberia waliodai amani. Kazi ya namna hiyo ina adabu yake, iliyorithiwa tangu miaka ya 1960, pale kamera zilipopungua uzito kiasi cha kubebwa begani na vinasa sauti vikaweza kwenda sambamba nazo. Mpiga picha anakaa kando, haombi jambo lirudiwe, hamwelekezi mtu, anasubiri. Kinachotokea ndicho anachokichukua, na kama kimempita, kimempita. Wakati huohuo, huko Ufaransa, Jean Rouch na Edgar Morin walishika njia tofauti. Katika filamu yao ya mwaka 1961 walimpa Marceline Loridan, mwanamke aliyenusurika kambi za Wanazi, kinasa sauti cha kubeba, wakamwacha atembee peke yake kupitia uwanja wa Concorde na soko la Les Halles mjini Paris, huku akizungumza kwa sauti ya chini na baba yake ambaye hakurudi kutoka kambini. Hakuna aliyekuwa amejificha pembeni akamkuta anaomboleza; kifaa chenyewe ndicho kilichomfungua kinywa. Njia hizi mbili, ya kusubiri na ya kuchokoza, zimekuwa zikibishana tangu hapo, na Johnson alilelewa kikazi katika ile ya kwanza mpaka msiba ulipomsogeza kwenye ya pili.

Kabla ya filamu ya baba kulikuwa na *Cameraperson* ya mwaka 2016, na bila hiyo kisa hiki hakisomeki. Filamu hiyo imeunganishwa kwa vipande alivyopiga kwa ajili ya kazi za watu wengine kwa muda wa miaka 25, bila sauti ya msimulizi. Mwanzoni anaandika tu kwamba anaomba mtazamaji avichukue vipande hivyo kama kumbukumbu za maisha yake mwenyewe. Tunamwona mkunga katika hospitali ya Kano, Nigeria, akihangaika na mtoto mchanga anayeshindwa kupumua mahali pasipo na oksijeni, na kamera haiondoki. Tunaiona familia ya Kiislamu huko Foča, Bosnia, ambayo Johnson alirudi miaka kadhaa baadaye kuionyesha picha alizoipiga. Kuna mfuatano wa sehemu zilizoshuhudia mauaji ya halaiki na mateso, kila sehemu ikionyeshwa kimya bila maelezo zaidi ya jina lake, na kanisa la Nyamata nchini Rwanda limo. Mjini Kabul kijana aliyepoteza jicho moja anasimulia jinsi ndugu yake alivyouawa, na kutoka nyuma ya kamera tunaisikia sauti ya Johnson ikimwambia kwamba amemliza ingawa yeye haielewi lugha yake. Kwa mujibu wa adabu ya kazi yake, sauti hiyo haikupaswa kusikika. Kubaki kwake katika filamu ni ungamo la kwanza kwamba mtazamaji huyu wa misiba ya wengine hakuwa ametazama tu.

Ndani ya filamu hiyohiyo, katikati ya vita na mahakama, anatokea mama yake akiwa kwenye ranchi huko Wyoming, upepo ukimpeperusha nywele, akijitahidi kuelewa yuko wapi na huyu anayemtazama ni nani. Mama alikuwa na Alzheimer, ugonjwa unaofuta kumbukumbu polepole, na alifariki mwaka 2007. Johnson amesema hadharani mambo mawili kuhusu picha hizo. La kwanza ni kwamba mama yake, mwanamke aliyejali sana jinsi anavyoonekana, asingependa kuonyeshwa katika hali ile. La pili ndilo linalouma zaidi: mtu aliyezunguka dunia akirekodi sura za wageni alikuta kwamba picha pekee za filamu alizokuwa nazo za mama yake ni zile alizopiga baada ya ugonjwa kuingia. Sauti ya mama alipokuwa mzima, namna yake ya kucheka, mwendo wake alipokuwa anajua aendako, vyote havikuwa kwenye mkanda wowote. Mganga hajigangi.

Kuna mtu wa tatu katika jambo hili ambaye hatajwi sana, nami naona ndiye ufunguo wake. *Cameraperson* haikupangwa kuwa ile tunayoijua. Johnson alikuwa akitengeneza filamu nyingine kuhusu vijana wa Afghanistan, na mmoja wao, msichana, baada ya kufikiria hatari itakayompata iwapo sura yake ingeonekana, alisema hataki tena kuwamo. Filamu ikavunjika, na kutokana na mabaki na maswali yake ikazaliwa nyingine. Sasa tuwaweke watatu hawa pamoja. Msichana wa Kabul alikubali, akakumbuka alichokubali, akakipima upya na kukikataa, na kukataa kwake kukaheshimiwa. Mama wa Wyoming hakuweza kukubali wala kukataa, na akapigwa picha. Baba wa Seattle alikubali kwa moyo mkunjufu wakati akili yake ingali yake, akijua fika ugonjwa huo unavyokwenda, kwa kuwa alikuwa daktari na tena alikuwa amemuuguza mkewe. Kisha akaanza kusahau. Ridhaa inayotegemewa na kazi hii yote, ile ya kusema ndiyo na kubaki na haki ya kusema hapana kesho, inategemea kumbukumbu kuliko inavyotegemea sahihi kwenye karatasi.

Ugonjwa wa baba ulijitokeza kwa namna ambayo familia nyingi zitaitambua. Alianza kuwapangia wagonjwa wawili muda mmoja. Aliendesha gari kupitia eneo la ujenzi na akafika nyumbani magurudumu yote yakiwa hayana upepo. Ikabidi afunge ofisi yake, aiache nyumba yake ya miaka mingi na kuhamia New York katika makazi ya binti yake, karibu na wajukuu zake mapacha. Katika filamu nzima hakuna kifo cha bandia kinachogusa kama mazungumzo ya gari: binti anamweleza kwamba hataendesha tena, kwamba gari litauzwa, na mzee ambaye amekuwa akichekelea kugongwa na viyoyozi anabadilika uso. Hapo hakuna mwigizaji wala damu ya rangi. Kamera inasubiri kama ilivyozoea, na tunachokiona ni mtu akipokea habari ya msiba wake mwenyewe kwa vipande vidogovidogo. Iwapo kuna mtu anayetaka kujua kwa nini uzoefu wa miaka 25 wa kukaa kando ulikuwa na maana, aitazame sehemu hiyo na kuyaacha mengine kwanza.

Vifo vyenyewe vilitengenezwa kwa utaratibu wa sinema za kawaida. Watu waliofunzwa kuanguka na kugongwa walisimama mahali pa mzee katika nyakati za hatari, huku yeye akiletwa kwa ajili ya picha za karibu, na mara nyingi, wengine wakihangaika na vifaa, anaonekana amesinzia kwenye kiti. Baba anapenda kuwa pale. Anampenda binti yake, anapenda kuchekesha watu, na hilo linaonekana wazi. Lakini katika kile kifo cha ubao wenye msumari, ambapo damu ya bandia inapaswa kumwagika kutoka shingoni, furaha inakatika. Mzee anaonekana kuchoka na kutofurahia, na kwa muda mfupi haieleweki kama bado anakumbuka kwamba huu ni mchezo alioukubali. Johnson na mhariri wake, Nels Bangerter, ambaye pia aliandika filamu hii pamoja naye na ndiye aliyeihariri *Cameraperson*, wangeweza kuikata sehemu hiyo bila mtu yeyote kujua. Waliiacha. Nawapongeza kwa uamuzi huo, ingawa kuonyesha kosa hakulifuti kosa.

Wanasheria na wanafalsafa wamelijadili jambo hili kwa muda mrefu katika muktadha wa matibabu. Ronald Dworkin, mwanafalsafa wa sheria wa Marekani, alitetea mwaka 1993 kwamba matakwa ya mtu aliyoyatoa akiwa na akili timamu yaendelee kumlinda hata baada ya kusahau kwamba aliyatoa, kwa sababu maisha ni ya mtu mmoja tangu mwanzo mpaka mwisho, na yule wa awali ndiye mwenye kuyaona kwa ukamilifu. Wapinzani wake wanajibu kwamba mtu aliye mbele yetu leo, anayeona baridi na kuogopa, naye ana haki ya kusikilizwa, hata kama hawezi kueleza sababu. Sheria ya Uingereza na Wales ya mwaka 2005 kuhusu uwezo wa kiakili inaelekea kwenye uangalifu wa aina hiyo: uwezo wa mtu unapimwa kwa uamuzi fulani katika wakati fulani, na haihesabiwi kwamba ameukosa moja kwa moja kwa sababu ya jina la ugonjwa wake. Tukiipeleka busara hiyo kwenye filamu, ridhaa ya Dick Johnson ya mwanzo ilitosha kuanzisha kazi na haikutosha kuifikisha mwisho. Kila siku ya kupiga picha ilihitaji kumwangalia upya na kuuliza kama leo anataka. Ninaamini Johnson alifanya hivyo, maana filamu imejaa maswali yake kwa baba. Ninacholalamikia ni kwamba anayepima ni binti, na binti ndiye mwongozaji, na mwongozaji ana siku za kulipia na watu wanaongoja. Allan King wa Kanada, aliyewarekodi wagonjwa 5 wakiaga dunia katika hospitali moja ya Toronto kwa ajili ya filamu yake ya mwaka 2003, alikuwa mgeni kwao, na mgeni anaweza kukataliwa bila kuumizwa. Baba ataanzia wapi kumkatalia mwanawe?

Nafika sasa kwenye mazishi, ambayo ndiyo moyo wa filamu. Kanisani Seattle, miongoni mwa Waadventista Wasabato ambao Dick aliishi nao na kuabudu nao, iliandaliwa ibada kamili ya mazishi yake. Marafiki walikuja wakijua kwamba yu hai. Walijua kwamba kuna kamera, kwamba mzee amesimama nyuma ya mlango akichungulia, kwamba ibada itakapokwisha ataingia akitembea kwa miguu yake katikati ya viti na watu watashangilia. Walisimama mmoja baada ya mwingine wakatoa wasifu wake, na rafiki yake wa miaka mingi akashindwa kujizuia, akalia kilio ambacho hakuna mwongozaji anayeweza kukiagiza. Ibada ilipokwisha alibaki pembeni akiendelea kulia, na kamera ikamfuata.

Watu waliagana na mtu aliyekuwa umbali wa hatua chache, na machozi yakawa ya kweli. Hakuna mkanganyiko hapa kwa anayeufahamu ugonjwa wenyewe. Pauline Boss, mtaalamu wa familia wa Marekani, amefanya kazi tangu miaka ya 1970 kuhusu upotevu usio na mpaka, ule ambao mtu yupo kwa mwili na hayupo kwa akili, au kinyume chake, kama ilivyo kwa familia za wanajeshi waliopotea vitani. Ugumu wa upotevu huo ni kwamba hauna siku ya mazishi. Hakuna tanga linaloanuliwa, hakuna majirani wanaokuja kuketi nawe, hakuna anayekupa pole kwa kuwa bado mzee wako anakaa mezani na kula. Anayeuguza analia kwa siri na kujiona msaliti, kana kwamba anamzika mtu mzima. Alichokifanya Johnson, kwa kisingizio cha filamu, ni kuupa upotevu huo siku yake, mahali pake na waombolezaji wake, na rafiki yule aliitumia nafasi hiyo kikamilifu. Hapo ndipo njia ya kuchokoza ilipofanya kazi ambayo njia ya kusubiri isingeiweza, kwani kama wangengoja mazishi halisi, Dick waliyemjua angekuwa ameshaondoka miaka mingi kabla ya jeneza. Na bado, mara tu uchokozi ulipowasha moto, aliyeshika kamera alirudi kwenye adabu ya zamani: alikaa kando, hakusema kitu, akaacha kilio kiende mpaka kilipoishia.

Sehemu za peponi sizipendi kwa kiasi hicho, ingawa moja ina uzito. Johnson alimjengea baba pepo ya rangi kali, yenye karatasi zinazometameta, chokoleti na watu mashuhuri waliokwisha kufa, na humo Yesu anaigusa miguu ya Dick na kuviponya vidole vyake, ambavyo vilikuwa na kasoro tangu kuzaliwa na ambavyo alivionea haya maisha yake yote. Wasabato wanafundisha kwamba wafu wamelala hadi siku ya ufufuo na hawaendi peponi mara wanapokata roho, kwa hiyo pepo hii ni utani wa binti kwa imani ya wazazi wake, utani wa upole, lakini unarefushwa kupita inavyohitajika. Uzito ninaousema uko kwenye dansi. Dick na mkewe wanacheza pamoja peponi, na kwa kuwa mama hayupo, na picha zake za filamu za wakati wa uzima hazipo, wacheza dansi wamevaa vinyago vikubwa vya picha za nyuso zao walipokuwa vijana. Mama anarudi akiwa karatasi. Binti aliyechelewa kumrekodi hana kingine cha kumrudisha nacho, na ukiitazama ngoma ile ukijua habari ya Wyoming, utaelewa kwa nini baba alianza kurekodiwa mapema namna ile, na kwa nini kwa wingi namna ile.

Mwishoni Johnson amejifungia katika chumba kidogo cha kuhifadhia nguo, ameshika simu, akijirekodi sauti. Anasema kwamba Dick Johnson amefariki. Anasita, anarudia, anabadilisha mkazo, anarudia tena, kama msomaji wa habari aliyepewa taarifa inayomkwama kooni, na mhariri ameacha marudio hayo yote tuyasikie. Kwa dakika hiyo mtazamaji anaamini kwamba safari hii ni kweli. Kisha mlango unafunguliwa, na mzee yupo, na wanakumbatiana. Kuna atakayedai kwamba amehadaiwa. Mimi sidhani, kwa sababu filamu imemuua na kumfufua tangu dakika zake za kwanza, na anayeliona kumbatio lile anajua kwamba taarifa iliyokuwa ikirudiwa itakuja kuwa kweli bila kubadilishwa neno hata moja. Udhaifu ninaouona ni mwingine: mlango unapofunguliwa, furaha ya kumkuta hai inalifunika swali ambalo filamu ililibeba kwa uaminifu kwa saa moja na zaidi, yaani kama mzee yule, siku ile, bado alijua kwa nini binti yake amejifungia humo akilirudia jina lake.